Chetezo cha Bi Khole

Majlisi ya Musallam bin Thani, kule Bawshar, ingeweza kuketisha wageni wa harusi, lakini aliyekuwa akiketi humo ni yeye mwenyewe na redio. Mito ilijipanga ukutani mizima mizima, haina hata bonde la mgongo wa mtu. Kila asubuhi Winifrida, dada wa Kihaya aliyekuwa akimsaidia kazi za nyumba, aliikung'uta na kuirudisha palepale.

"Mzee, hii mito itazeeka bila kufanya kazi," alimwambia siku moja.

Musallam akacheka, kisha akakumbuka kwamba na yeye amestaafu, akaacha kucheka.

Ujana wake aliutumia Seeb, akitengeneza ndege za jeshi la anga. Baadaye alihamishiwa wizara moja pale Al Khuwair, akakaa nyuma ya meza mpaka pensheni ikamkuta. Mkewe, Bi Khole, alifariki mwaka 1998. Mwanawe wa pekee, Bader, alikuwa akikaa hapo hapo Bawshar na mkewe Nasriya, binti wa Nizwa, na watoto wao. Si mbali, ungepakua wali ukaupeleka kwa gari ukafika ungali moto. Kila Ijumaa baada ya sala walikuja kumwamkia mzee. Akisikia tu gari linaegeshwa, Musallam alikimbilia chetezo cha marehemu, akaweka makaa, akatia udi, ili wajukuu waingie kwenye harufu ya bibi yao. Basi waliingia, wakanywa kahawa, wakajifukiza, wakaaga. Ziara zilikuwa fupi hata watoto hawakuwahi kuvunja kitu, na nyumba ambayo wajukuu hawajavunja kitu ina upungufu wake.

Iliuma. Kila Ijumaa iliuma, na kila Ijumaa alisimama mlangoni akawapungia mkono. "Haya, nendeni kwa amani, mna kazi zenu," alisema, kisha akarudi ndani kuwasha redio.

Hapo ndipo penye ugonjwa wa mtu huyu, na nausema mapema ili usije ukamlaumu mwanawe bure. Musallam hakuwahi kumwambia mtu yeyote "usende." Neno hilo aliambiwa yeye, mwaka 1964, siku alipoondoka Unguja akiwa kijana. Mama yake alimshika kanzu akamwambia, "Usende, mwanangu," na yeye akaenda, kwa kuwa mambo ya mwaka ule hayakumpa mtu nafasi ya kuchagua. Mama alifariki kabla hawajaonana tena. Tangu hapo aliliona neno lile ni mzigo asiopaswa kumtwisha binadamu mwenzake. Anayetaka kwenda na aende.

Aliyekuwa akizuia watu ni Khole. Mgeni akishika viatu, Khole alimpokonya. "Mnakwenda wapi na chakula kimo jikoni? Wamesema mgeni njoo mwenyeji apone. Sasa mkenda, mie n'tapona vipi?" Kwa miaka yote ya ndoa mume alinyamaza, mke akaita, na watu wakakaa. Khole alipokufa, kilichobaki ni kile kimya cha mumewe.

Sasa tuje kwa Mhindi.

Vasant Mhatre alikuwa afisa wa jeshi la anga la India, aliyekuja Muscat kwa mkataba miaka ya sabini kuwafundisha mafundi wa Seeb kazi ya injini. Musallam alikuwa mmoja wa wanafunzi wake, na kwa jambo moja walikuwa sawasawa: hakuna kati yao aliyejua Kiarabu cha maana. Musallam alikuwa Mwomani kwa baba na babu, ana pasi mpya mfukoni, lakini ulimi wake ulikuwa wa Unguja, na kambini walimcheka kila alipofungua mdomo. Basi jioni mwalimu na mwanafunzi waliketi pamoja wakizungumza Kiingereza, na siku za mapumziko Vasant alikuja kula kwa Musallam, ambaye ndiyo kwanza alikuwa ameoa.

Khole alipika changu wa kupaka. Mtu wa pwani ya Bombay hafundishwi kula samaki. Vasant alianza na kichwa, akachokoa mashavu, akanyonya mifupa mmoja mmoja, mpaka Khole akawa anacheka jikoni kwa raha. "Huyu si mgeni," alisema, "huyu shemegi yangu aliyepotea, leo karudi."

Mwaka 1979 Vasant aliitwa arudi kwao. Siku ya kuondoka alikuja kuaga, Khole akapakua, na gari la kambi likaja kumchukua kabla hajagusa kichwa cha samaki. Alisimama na sahani mkononi.

"Niwekee kichwa hiki, Fundi," alimwambia Musallam, kama alivyozoea kumwita. "Nitarudi kukimaliza."

Kisha akamtazama Musallam, asiondoke wala asikae. Musallam akamwambia, "Nenda, nchi yako inakungoja."

Nchi ilimngoja kweli. Vasant aliacha jeshi, akaingia katika siasa, akaanguka uchaguzi wa kwanza, akashinda wa pili, na mwisho akawa waziri katika serikali ya Delhi. Musallam alizipata habari hizo kwa vipande, nyingine gazetini, nyingine kwa kinyozi wake wa Ruwi aliyekuwa mtu wa jimbo lilelile. Kinyozi alimsifu waziri huyo mpaka wembe ukatetema. Musallam hakumwambia kwamba anamjua. Kadi za Idi na Diwali zilikuwa zimekoma zamani, na hakufikiria kuzianzisha tena. Mtu akishakuwa mkubwa, kila rafiki wa zamani huonekana amekuja kuomba, na Musallam asingeomba hata maji jangwani.

Mwaka 2001, msimu wa baridi ulipokuwa unakwisha, simu ililia. Alikuwa Hatem, kijana wa itifaki serikalini, mwenye Kiarabu laini cha kusomea.

"Waziri kutoka India anakuja kuzuru, ami. Jumanne asubuhi tutamtembeza Bandari ya Sultan Qaboos. Mchana ameandaliwa chakula hotelini pamoja na wafanyabiashara. Lakini amekuulizia wewe, kwa jina lako na la baba yako. Anasema kama una nafasi atakula kwako, na hotelini tutawataka radhi."

"Nafasi ninayo," alisema Musallam. "Ninayo nyingi sana."

Alipoweka simu chini, akaketi. Alifurahi mpaka akaona haya. Heshima ya kupokea waziri ilimgusa, naye si malaika, lakini alichokitaka kilikuwa kingine. Duniani hapakubaki mtu aliyemjua Khole alipokuwa bibi harusi, akicheka katika lile jiko dogo la Seeb. Bader alimjua mama, majirani walimjua bibi mtu mzima mwenye kisukari. Vasant akiketi kwenye mito ile akala kichwa chake cha samaki, watamzungumza Khole mpaka alasiri, na kwa saa hizo chache atakuwa yumo nyumbani. Hilo tu ndilo alilolitaka, Vasant akae ale.

Jumanne alfajiri alikwenda soko la samaki Mutrah mwenyewe, akachagua changu mkubwa, akamrudisha muuzaji mara mbili kwa kumwonesha macho ya samaki yaliyofifia. Winifrida alikuna nazi huku akilalamika.

"Mzee, samaki wote huyu ni wa mtu mmoja?"

"Wa mtu mmoja. Na kichwa usikiguse, usikikate, usikitazame."

"Makubwa," alisema Winifrida, akaendelea kukuna.

Kabla ya adhuhuri kila kitu kilikuwa tayari. Musallam alivaa kanzu nyeupe, akafunga kilemba, akaingia majlisi, akanusa. Palinukia samaki na sabuni ya kufutia sakafu. Hapakunukia Khole. Akaona nyumba ile haiwezi kumpokea Vasant namna hiyo, akatoa chetezo kabatini, akapuliza makaa, akatia udi mzuri uliobaki kwenye kijaluba cha marehemu. Alikuwa katikati ya majlisi, chetezo mikononi, moshi umemwingia ndevuni, pale magari yaliposimama nje. Jua la bandarini lilikuwa kali, ziara ikafupishwa, na wageni wamewahi. Alikiweka chetezo pembeni haraka, kikiendelea kufuka.

Vasant aliingia na suti ya kijivu. Alikuwa amenenepa, nywele zimekuwa nyeupe zote, lakini alisimama vilevile, mgongo wima.

"Fundi," alisema.

"Bwana Vasant."

Wakakumbatiana muda mrefu kuliko itifaki inavyopenda. Hatem alitazama ukutani kwa adabu. Waliketi, Winifrida akaleta halwa na kahawa, na ile mito ikapata kazi hatimaye. Vasant alivuta pumzi, akatabasamu.

"Nasikia harufu ya samaki wangu. Na hii nyingine ndiyo ya nyumba yenu ya Seeb, nisingeisahau." Akageuka kuelekea jikoni. "Khole yuko wapi? Mwambie atoke, mimi simwogopi tena, nimekuwa waziri."

Musallam alifungua mdomo. Alikuwa amejitayarisha kuzungumza habari za Khole kwa saa nzima, na hakuwa amejitayarisha kuulizwa alipo. Neno la kusema mkewe amekufa lilikataa kutoka. Akainuka, akakichukua kile chetezo pembeni, akakileta mpaka kifuani kwa Vasant, akakishika hapo kwa mikono miwili, moshi ukapanda baina yao. Kwa Musallam hilo lilikuwa jibu. Kwamba Khole ni huu tu, rafiki yangu, ndio uliobaki.

Hatem aliona jambo jingine kabisa. Katika majlisi za Oman mwenye nyumba akishawapitishia wageni udi, ziara imekwisha, na kuna msemo wa Kiarabu anaoujua kila mtoto, kwamba baada ya udi hakuna kukaa. Kijana aliyelelewa hangojei kuambiwa mara mbili. Aliweka kikombe chini, akapokea chetezo, akauvuta moshi chini ya ndevu zake, akamshukuru mwenyeji, akasimama. Kisha akamwinamia waziri na kumnong'oneza kwa Kiingereza, "Mwenyeji wetu ametuaga, mheshimiwa."

Vasant alimtazama kijana, akamtazama Musallam, akaitazama halwa aliyoigusa kidogo tu. Akainuka polepole sana, kama mtu mwenye maumivu ya magoti.

"Fundi, una shughuli leo?"

Hapo ndipo Musallam alipotambua mikono yake imefanya nini. Alikuwa ameishi Oman zaidi ya miaka thelathini, ametolewa udi katika majumba ya watu mara nyingi na kuaga kwa adabu kama Hatem. Alijua. Neno moja lingetosha kurudisha kila kitu mahali pake, na Winifrida ndiyo kwanza anatokeza mlangoni na sinia, kichwa cha changu kimewatazama wote. Neno lenyewe alikuwa nalo kooni. Lakini mdomo wa mtu hufuata njia uliyoizoea, na wa Musallam ukasema, "Nenda, Bwana Vasant. Watu wanakungoja hotelini."

Vasant alisubiri kidogo. Halafu akampa mkono.

Magari yalipoondoka, Winifrida alikuwa bado amesimama na sinia lake. "Mzee, mbona wameondoka? Kuna kitu nimekosea?"

"Wewe hukukosea. Funika."

Akabaki majlisi. Siku ya maziko ya Khole alilia, lakini siku ile nyumba ilijaa watu, mmoja akimshika bega, mwingine akimletea maji. Leo palikuwa na mito imebonyea mahali pawili, na vikombe viwili. Alijiona mpweke kuliko siku ile, na safari hii hakuweza kumsingizia mauti.

Alasiri Bader alipita kutaka habari. Alikuja kama anavyokuja siku zote, kasimama, funguo za gari mkononi.

"Enhe, baba, waziri kala?"

"Hakula." Musallam akamsimulia, udi na yote.

Bader aliangua kicheko. "Wallahi, baba! Umempa waziri udi kabla ya chakula? Ah, maskini mtu wa watu, kafukuzwa na njaa yake!" Kisha kicheko kikakatika katikati. Alizichezea funguo. "Lakini baba... hata sie."

"Hata nyie vipi?"

"Ijumaa. Hatujakaa vizuri, ushatuletea udi. Hapo ndipo Nasriya anapowainua watoto. Anan'ambia babako kachoka, anataka kupumzika, tusimuudhi. Kwao Nizwa hilo jambo zito, baba, mwenye nyumba akitoa udi hata chai hamalizi mtu."

"Ile harufu ya mamako," alisema Musallam. "Nnaitoa mnukie mamenu."

"Mama alikuwa akifukiza nyumba kabla. Mgeni akipiga hodi tu, chetezo hicho mbio jikoni, mimi ndiye aliyekuwa akimtuma. Akikitoa tena mwisho kabisa, watu washakula, washachoka kucheka. Wewe hukuwa ukiona?"

Hakuwa akiona. Miaka yote ile alikuwa akiketi na wageni, akinusa, akifurahi, na kazi ya kupeleka chetezo na kukirudisha ilikuwa ya mkewe. Yeye alirithi harufu tu.

"Na mie nikajisemea," Bader aliongeza kwa sauti ndogo, "baba akitaka tukae, atasema."

Simu ililia. Musallam aliipokea akiwa bado anamtazama mwanawe.

"Fundi," ilisema sauti ya Vasant. Nyuma yake palisikika matangazo ya safari za ndege. "Niko uwanjani. Yule kijana amenieleza garini habari za ule moshi, na kwamba huenda tulikuelewa vibaya. Nilidhani umenikasirikia kwa miaka niliyonyamaza."

"Khole amekufa," alisema Musallam. Lilitoka lenyewe, simuni, mahali ambapo hapana uso wa mtu. "Miaka mitatu sasa. Sikuweza kukwambia."



"Nilihisi, ulipokishika kile chetezo," alisema Vasant. "Nikataka kukaa nawe. Nilisimama polepole kwa makusudi, Fundi, nikingoja useme. Na mwaka ule wa sabini na tisa pia nilisimama na sahani mkononi, nikingoja hivyo hivyo. Mkataba ungeweza kuongezwa, walikuwa wameniuliza. Nilitaka kusikia tu kwamba kuna mtu anayetaka nibaki."

Tangazo jingine likasikika nyuma yake.

"Wananiita," alisema Vasant. "Kichwa changu mpe mtu mwingine, rafiki yangu. Mimi nimeshachelewa."

Simu ikakatika. Musallam aliirudisha mahali pake. Bader alikuwa ameshafika mlangoni, anavaa viatu.

"Haya baba, n'ende nikawachukue watoto chuo cha Kurani. Ijumaa, inshallah."

Musallam alimfuata kama kawaida, mpaka pale anaposimama siku zote kupunga mkono. Mkono ukainuka. Akauona, akauteremsha.

"Usende," alisema.

Bader aligeuka, kiatu kimoja mguuni. Katika maisha yake hakuwahi kulisikia neno lile kwa baba yake.

"Usende, mwanangu," alisema Musallam tena, na safari hii machozi yalimtoka, kwa kuwa alikuwa ameisikia sauti ya mama yake ndani ya sauti yake mwenyewe. "Na watoto waje. Mwambie Nasriya msende mpaka niwachoke, nami sitawachoka."

Bader akavua kile kiatu, akampigia simu mkewe.

Vasant hakurudi Muscat tena. Miaka michache baadaye kinyozi wa Ruwi alimwambia Musallam, akijua sasa kwamba walikuwa marafiki, kuwa waziri yule amefariki kwao, na alimnyoa siku hiyo bila kupokea malipo. Lakini jioni ile ya Jumanne Winifrida alipasha moto samaki, wajukuu wakagombania kichwa, na yule mdogo kuliko wote akaivuta sahani ya kaure ya Bi Khole, ikaanguka, ikapasuka vipande. Nasriya aliruka kuomba radhi. Musallam alimwambia akae chini, samaki atapoa.